Tafsiri ya Maalim Shaame

Ukanda ulifika Wete ndani ya kopo la maziwa ya unga,
umezongwa kanga kuukuu ili forodhani wasiuguse.
Ami Msellem, muuguzi huko Uingereza,
aliandika ubavuni kwa kalamu ya risasi:
Vichekesho. Wanawacheka wakubwa wao.
Chini ya "wao" akapiga mstari,
mara mbili.

Vidio ilikuwa moja mtaa mzima, kwa Bi Mize.
Kiingilio shilingi, au yai.
Mie nililipa kwa kushikilia waya,
maana ukilegea tu
Waingereza wote huwa kijani.

Kwenye kioo, bwana wa tai na kofia ngumu
kakaa nyuma ya meza ndefu.
Mwengine akaja na kikapu.
Wakasema. Wakasema tena.
Watu wasioonekana wakacheka, wengi,
kama wamefichwa uvunguni.
Sisi kimya.
"Hao wanaocheka," akauliza Bi Mize,
"mbona hawakaribishwi ndani?"

Hapo Maalim Shaame wa jiografia
akasafisha koo.

"Huyu wa kofia ni mpimaji karafuu."
Uingereza kuna karafuu?
"Nyamaza, Faki. Huyu wa kikapu kaleta pishi kumi.
Mpimaji anamwambia ni sita.
Anauliza, na nne zimekwenda wapi?
Anajibiwa: zimekauka kwa uzalendo."

Chumba kikapasuka.
Riziki, aliyeanguka mkarafuuni msimu uliopita,
alicheka huku kaishika nyonga,
anacheka na analia, anaomba basi, basi,
na hakuna aliyetaka basi.

Kisha akaja waziri.
Huyo hakuhitaji mkalimani.
Kila akiulizwa suala, kiti chake kinarudi nyuma kidogo,
kikapita kamera, kikapita mlango,
hata akawa anajibu barabarani, mvuani,
na mabasi yanampigia honi.
Watoto wa chuoni walijitupa jamvini.

Mlango ukafunguka.
Katibu wa tawi, Bwana Haroub, kofia mkononi.
"Mnaangalia nini?"

Maalim hakupepesa. "Kilimo, Bwana Haroub.
Elimu ya kilimo."

Wakati ule ule, kiooni,
fundi cherehani anampima waziri suti mpya,
anapapasa juu, anapapasa chini, anaita wenziwe waje na taa:
mgongo hauonekani.

"Hapa," akasema Maalim, sauti ya darasani,
"anaeleza kwamba mche ukikosa shina
utaegemea popote."

Bi Mize akaitafuna ncha ya mtandio.
Bwana Haroub akakaa. Akatoa kidaftari.
Akaandika.
Nikausikia mkono wangu unatoka jasho, waya unateleza,
waziri anaanza kuwa kijani.

"Na mche kama huo," akauliza, hakuinua uso,
"hufanywa nini?"

"Huko kwao," akasema Maalim, polepole,
kama mtu anayevuka daraja la mnazi mmoja,
"huko kwao, Bwana, hung'olewa."

Hakuna aliyekohoa.
Wale wa uvunguni tu ndio waliocheka.
Kisha bega la kushoto la Bwana Haroub likatikisika.
Mara moja. Wengine hawakuliona,
mie nililiona, nilikuwa kwenye waya.

Nimekuja kukijua Kiingereza baadaye, nikiwa mtu mzima,
nikauona tena mchezo ule.
Yule wa kofia alikuwa ofisi ya vitu vilivyopotea,
na kikapuni mlikuwa na mwavuli mmoja.
Karafuu hata chembe.
Nikamwendea Maalim Limbani, kastaafu, anamenya muhogo.
Nikamweleza yote, mwavuli, ofisi, kila neno.
Akanisikiliza mpaka mwisho.
"Ulicheka, hukucheka?"
Akaendelea na muhogo wake.

Lakini nimesahau kusema la asubuhi ya pili yake:
Bwana Haroub alikuja mapema, kabla ya maduka kufunguliwa,
akasimama ukumbini kwa Bi Mize, kofia mkononi,
anaomba kuazimwa ule ukanda wa kilimo.

Na kwake hakuna vidio.
Hata umeme haujafika.